Namna ya Kufuatilia Uchunguzi wa Matumizi Mabaya ya Madaraka, Kuanzia Uvumi Hadi Hukumu

Kashfa ya viongozi wakuu inapolipuka, Dar es Salaam huijua kabla magazeti hayajapangwa mezani. Huwa imekwisha kusambaa kwenye makundi ya simu, imejadiliwa ndani ya daladala za Mbagala na kwenye vijiwe vya kahawa vya Kariakoo, na ikifika saa nne asubuhi kila mtu ana jina lake la mhusika. Baada ya muda huundwa tume au kamati na watu hutulia. Miezi sita ikipita, ni wachache wanaoweza kueleza tume ile iliulizwa nini, ilimkabidhi nani ripoti, na ni mapendekezo yapi yaliyotekelezwa. Mwongozo huu umeandikwa kwa ajili ya mwananchi anayetaka kuwa miongoni mwa hao wachache. Hahitaji shahada ya sheria. Anahitaji daftari, subira, na nia ya kusoma nyaraka zenyewe.

Jua kwanza nani amemtuma mchunguzi

Kabla ya kuuliza nani amekula fedha, uliza mambo matatu: mchunguzi ametumwa na nani, amepewa nguvu gani za kisheria, na ripoti yake ataikabidhi mikononi mwa nani. Ninayatanguliza maswali haya kwa makusudi, kwa sababu kila nilipozisoma kashfa za nchi yetu na za nchi nyingine nimeona kwamba majibu yake hueleza sehemu kubwa ya yale yanayotokea baadaye, pamoja na yale ambayo ripoti itayanyamazia.

Kwa Tanzania milango ya uchunguzi inajulikana. Rais anaweza kuunda tume kwa mujibu wa Sheria ya Tume za Uchunguzi, Sura ya 32, akateua wajumbe, akawapa hadidu za rejea, yaani maelekezo ya nini wachunguze, na ripoti ikarudi kwake. Bunge linaweza kuunda kamati teule, ambayo chini ya Sheria ya Kinga, Madaraka na Haki za Bunge ina uwezo wa kumwita shahidi na kudai nyaraka, na ripoti yake husomwa ukumbini Dodoma huku nchi nzima ikisikiliza. Mdhibiti na Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali, ambaye wote tumezoea kumwita CAG, anafanya kazi chini ya Ibara ya 143 ya Katiba: humkabidhi Rais ripoti zake, nazo hupaswa kuwekwa mezani bungeni ndani ya siku 7 tangu kuanza kwa mkutano unaofuata, na Rais asipochukua hatua hiyo CAG mwenyewe huzipeleka kwa Spika. TAKUKURU, taasisi ya kuzuia na kupambana na rushwa, huchunguza makosa ya jinai na kupeleka jalada kwa Mkurugenzi wa Mashtaka. Sekretarieti ya Maadili ya Viongozi wa Umma hushughulikia matamko ya mali na ukiukaji wa maadili. Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora hupokea malalamiko dhidi ya watumishi na taasisi, lakini haina mamlaka ya kumchunguza Rais.

Ukitaka kuona jinsi mlango unavyobadilisha matokeo, tazama Richmond. Mwaka 2006 nchi ilikuwa katika mgawo mkali wa umeme baada ya ukame kupunguza maji kwenye mabwawa, na TANESCO, shirika la umeme la taifa, iliingia mkataba wa kupata megawati 100 za dharura kutoka kampuni ya Richmond ya Houston, Marekani. Mitambo haikufika kwa wakati. TAKUKURU ilichunguza na mwaka 2007 ikatangaza kwamba haikuona rushwa. Novemba mwaka huohuo Bunge liliunda kamati teule ya wabunge 5 chini ya Dk. Harrison Mwakyembe, na tarehe 6 Februari 2008 kamati hiyo ilisoma ripoti iliyoeleza kwamba kampuni ile haikuwa na uwezo wa kazi iliyopewa na kwamba mchakato wa zabuni uliingiliwa na viongozi. Kesho yake Waziri Mkuu Edward Lowassa alitangaza kujiuzulu, na mawaziri Nazir Karamagi na Ibrahim Msabaha nao wakaachia ngazi, na Rais Jakaya Kikwete akalazimika kuunda Baraza jipya la Mawaziri. Mkataba ulikuwa uleule na TANESCO ilikuwa ileile. Aliyebadilika ni yule aliyemtuma mchunguzi, pamoja na ukumbi ambamo ripoti ilisomwa.

Afrika Kusini inatupa mfano ulio wazi zaidi, kwa kuwa wachunguzi wawili walitazama bwawa moja la kuogelea. Machi 2014 Mlinzi wa Umma, Thuli Madonsela, ambaye ofisi yake ni huru kwa mujibu wa Katiba ya nchi hiyo, alitoa ripoti kuhusu fedha za serikali zilizotumika katika makazi binafsi ya Rais Jacob Zuma kule Nkandla, akasema kwamba vitu kama bwawa la kuogelea, zizi la ng'ombe, banda la kuku na kituo cha wageni havikuwa vya usalama, na kwamba Rais alipe sehemu ya gharama zake. Mwaka uliofuata Waziri wa Polisi, Nathi Nhleko, ambaye aliteuliwa na Rais huyohuyo, alitoa ripoti yake akieleza kwamba bwawa lile ni chanzo cha maji ya kuzimia moto, na kwamba Rais hadaiwi kitu. Mwananchi aliyekuwa ameuliza swali letu la kwanza hakuhitaji kusubiri wanasheria kujua ripoti ipi aipe uzito. Tarehe 31 Machi 2016 Mahakama ya Katiba iliamua kwamba hatua za Mlinzi wa Umma zilikuwa na nguvu ya kisheria na kwamba Rais alishindwa kuitetea Katiba, na baadaye mwaka huo Zuma alilipa randi milioni 7.8.

Sisemi kwamba tume ya Rais haina maana. Tume ya Jaji Joseph Warioba kuhusu kero ya rushwa iliundwa na Rais Benjamin Mkapa mwaka 1996, na ripoti yake ilitolewa hadharani, ikasomwa na inaendelea kurejewa hadi leo. Upande wa pili, kamati mbili za mchanga wa madini za mwaka 2017, iliyoongozwa na Profesa Abdulkarim Mruma na iliyoongozwa na Profesa Nehemiah Osoro, ziliwasilisha matokeo yao Ikulu jijini Dar es Salaam moja kwa moja kwenye televisheni, na wengi wetu tulichokipata ni kile kilichosomwa siku ile. Kwa hiyo, tume inapotangazwa, andika pembeni kama aliyeiunda ameahidi kuichapisha ripoti nzima au la. Asipoahidi, uliza mapema, wakati suala bado liko midomoni mwa watu.

Jambo jingine la kutazama ni kama mchunguzi anaweza kuondolewa katikati ya kazi. Profesa Mussa Assad aliondolewa katika nafasi ya CAG Novemba 2019, miezi michache baada ya Bunge kuazimia kutofanya naye kazi, na Desemba 2022 Mahakama Kuu ikatamka kwamba kuondolewa kwake kulikwenda kinyume na Katiba. Hukumu hiyo ilikuja miaka 3 baadaye, na ofisi ilikuwa na mtu mwingine. Mimi naona hili ni moja ya mambo yanayostahili kuumiza roho ya kila mlipa kodi, awe na chama chochote.

Soma hadidu za rejea kabla ya kusoma majina

Watu hukimbilia orodha ya wajumbe: nani mwenyekiti, nani mtu wa nani. Orodha ina umuhimu wake, lakini hadidu za rejea ndizo zinazoweka mipaka ya kile ambacho hata mjumbe mwadilifu kuliko wote ataruhusiwa kukigusa. Chunguza vitenzi. Kamati iliyotakiwa "kubaini mazingira" ya malipo fulani haijatakiwa kusema nani aliyaidhinisha. Kamati iliyopewa kipindi cha kuanzia Januari haiwajibiki kueleza barua ya Desemba, na mara nyingi barua ya Desemba ndiyo iliyofungua mlango. Angalia pia kama imepewa uwezo wa kumwita mtu kwa kiapo, na kama imepewa tarehe ya mwisho. Zinapotangazwa kwenye Gazeti la Serikali, tafuta toleo lenyewe. Zikitajwa tu katika hotuba, nakili maneno ya hotuba jinsi yalivyo.

Anapoguswa Rais mwenyewe

Hapa vijiwe vingi hupotea, kwa hiyo nitakwenda polepole. Ibara ya 46 ya Katiba yetu inakataza Rais aliyeko madarakani kufunguliwa mashtaka ya jinai, na akishaondoka madarakani hashtakiwi kwa jambo alilolifanya akiwa Rais kama sehemu ya kazi yake, isipokuwa kama aliondolewa na Bunge kwa utaratibu wa Ibara ya 46A. Kwa maneno mengine, TAKUKURU haiwezi kumfikisha Rais kizimbani hata ingekuwa na jalada lililojaa, na anayekuahidi kwenye simu kwamba "kesi inaandaliwa" hajaisoma Katiba.

Utaratibu wa 46A ni mrefu na umewekwa mgumu. Taarifa ya maandishi iliyotiwa saini na wabunge wasiopungua asilimia 20 ya wabunge wote humfikia Spika angalau siku 30 kabla ya kikao, ikieleza kosa na kupendekeza iundwe Kamati Maalumu ya Uchunguzi. Wabunge hupiga kura bila mjadala kuhusu kuundwa kwa kamati hiyo, na zinahitajika theluthi mbili. Kamati huongozwa na Jaji Mkuu wa Jamhuri ya Muungano, akiwa pamoja na Jaji Mkuu wa Zanzibar na wajumbe 7 walioteuliwa na Spika kwa kuzingatia uwakilishi wa vyama bungeni. Ina muda usiozidi siku 90 kutoa taarifa yake, Rais ana haki ya kujitetea, na Bunge likiamua kwa theluthi mbili kwamba tuhuma zimethibitika, Rais anapaswa kujiuzulu ndani ya siku 3.

Utaratibu huu haujawahi kutumika. Hesabu ndiyo inayoeleza sababu: palipo na chama kimoja chenye zaidi ya theluthi mbili ya viti, hoja haitoki bila wabunge wa chama cha Rais mwenyewe. Ndiyo maana kashfa zetu kubwa zimeishia kwa waziri mkuu, mawaziri, mwanasheria mkuu au gavana wa benki. Unapofuatilia kashfa, weka wazi katika akili yako kama unamfuatilia mtu anayeweza kushtakiwa mahakamani au mtu anayeweza kuguswa na Bunge pekee, kwani maswali ya kuuliza ni tofauti kabisa.

Fuata karatasi, na fuata waliojaribu kuificha

Watergate ya Marekani hutajwa sana na kusomwa kidogo, na mimi ningependa ulijue jambo moja kuhusu jinsi ilivyofunguka. Tarehe 17 Juni 1972 watu 5 walikamatwa ndani ya ofisi za chama cha Democrats katika jengo la Watergate, Washington. Ikulu ya Marekani ilikana kuhusika, na Novemba mwaka huo Rais Richard Nixon alishinda uchaguzi katika majimbo 49 kati ya 50. Kamati teule ya Seneti iliyoongozwa na Sam Ervin ilianza kusikiliza mashahidi hadharani mwaka uliofuata, na mwanasheria wa zamani wa Rais, John Dean, alieleza kwa kirefu mazungumzo yake na Nixon. Lakini lilikuwa neno la Dean dhidi ya neno la Rais. Mambo yaligeuka tarehe 16 Julai 1973, pale msaidizi wa zamani wa Ikulu, Alexander Butterfield, alipoulizwa kama anajua kuwapo kwa vifaa vya kurekodi katika ofisi ya Rais, naye akajibu kwamba anajua. Kuanzia dakika ile uchunguzi ulikuwa na kitu cha kudai: mikanda.

Angalia jinsi Rais alivyopigania mikanda hiyo. Mwendesha mashtaka maalumu, Archibald Cox, alipoidai, Nixon aliamuru tarehe 20 Oktoba 1973 afukuzwe. Mwanasheria Mkuu Elliot Richardson akaona heri ajiuzulu kuliko kutii, na naibu wake William Ruckelshaus naye akakataa. Mkanda mmoja ulipatikana ukiwa na pengo la dakika 18 na nusu. Tarehe 24 Julai 1974 Mahakama ya Juu iliamuru kwa kura 8 kwa 0 kwamba mikanda itolewe, na katika mkanda wa tarehe 23 Juni 1972 alisikika Nixon akikubali mpango wa kulitumia shirika la ujasusi la CIA kuwazuia wapelelezi wa FBI wasichunguze. Aliondoka madarakani tarehe 9 Agosti 1974, na mwezi mmoja baadaye mrithi wake, Gerald Ford, akamsamehe kabla hajashtakiwa. Haijathibitishwa kwamba Nixon aliamuru uvamizi ule. Kilichomwangusha ni jitihada za kufunika kombe.

Sisi hatuna mikanda, ila tuna masijala. Katika ofisi ya serikali jambo zito halitendeki bila kuacha alama: dokezo sabili, yaani maandishi mafupi ya ndani ya ofisi, lenye saini na tarehe, muhtasari wa kikao cha bodi ya zabuni, barua yenye kumbukumbu namba, hati ya malipo iliyoidhinishwa na afisa masuuli. Kwa hiyo, unaposikiliza kamati ikihoji au unaposoma ripoti, zingatia zaidi maelezo yanayoegemea karatasi iliyoandikwa wakati jambo lenyewe likitendeka kuliko kumbukumbu ya mtu aliyeulizwa miaka 2 baadaye. Ripoti ikisema nyaraka fulani "haikupatikana", pigia mstari. Andika ni nyaraka ipi, ilipaswa kuwa ofisi gani, na nani alikuwa mkuu wa ofisi hiyo. Vilevile, anayehamishwa ghafla, anayestaafishwa mapema au anayepelekwa ubalozini wakati uchunguzi unaendelea anastahili mstari wake katika daftari, bila kumhukumu.

Namna ya kuisoma ripoti yenyewe

Ripoti za CAG zinapatikana bila malipo katika tovuti ya Ofisi ya Taifa ya Ukaguzi, na mijadala ya Bunge, iliyochapwa neno kwa neno katika Taarifa Rasmi za Bunge ambazo wengi huziita Hansadi, ipo katika tovuti ya Bunge. Asiye na bando anaweza kujaribu Maktaba Kuu ya Taifa, Barabara ya Bibi Titi Mohamed, ambako pia kuna magazeti ya zamani. Hukumu za mahakama zinapatikana katika mtandao wa TanzLII. Usianzie ukurasa wa kwanza. Anzia sura ya njia zilizotumika kuchunguza, ambamo utaona nani alihojiwa na nani hakuhojiwa, kisha nenda kwenye mapendekezo, kisha ndipo urudi mwanzo.

Ukisoma, tenganisha vitu vinne ambavyo magazeti huvichanganya: tuhuma, ambayo ni kile kilichodaiwa, matokeo, ambayo ni kile mchunguzi anachosema kimethibitika, pendekezo, ambalo ni kile anachotaka kifanyike, na azimio, ambalo ni kile Bunge lilichokubali. Waziri aliyetajwa katika tuhuma lakini asionekane katika matokeo hajakutwa na jambo. Jiulize pia kama aliyetajwa alisikilizwa. Lowassa, siku anajiuzulu, alilalamika bungeni kwamba kamati haikumhoji, na hata anayeikubali ripoti ya Mwakyembe kwa asilimia mia anapaswa kulipima lalamiko hilo kwa uzito, kwa sababu haki ya kusikilizwa haikuwekwa kwa ajili ya tunaowapenda tu.

Kuhusu tarakimu, chukua mfano wa shilingi trilioni 1.5 uliotikisa nchi Aprili 2018. Ripoti ya CAG ya mwaka wa fedha 2016/17 ilionyesha makusanyo ya takriban trilioni 25.3 na matumizi ya takriban trilioni 23.8. Kutoa kwa kikokotoo cha simu kunakupa trilioni 1.5, na kufikia jioni neno lililokuwa likisambaa ni wizi. Serikali ilijibu bungeni kwamba tofauti hiyo inatokana na hatifungani na dhamana zilizoiva, mapato yaliyohesabiwa lakini yalikuwa hayajapokelewa, na makusanyo yaliyofanywa kwa niaba ya Zanzibar. Msomaji makini hakulazimika kuchagua kati ya kupiga kelele na kuamini. Alipaswa kuandika sehemu tatu za maelezo yale, kisha kutafuta katika ripoti ya mwaka uliofuata kama mkaguzi amezihakiki. Tofauti ya hesabu ni swali halali. Kuiita wizi kunahitaji ushahidi wa nani alichukua, kwa hati ipi, kutoka akaunti ipi.

Daftari, na miaka inayofuata

Nunua kaunta buku moja, uipe kashfa moja. Gawa ukurasa katika safu nne: tarehe, kilichotokea au kilichosemwa na nani, kinaegemea nini, yaani hati, kiapo, hotuba au "chanzo cha kuaminika", na kilichofuata. Safu ya nne iache wazi na uirudie. Baada ya mwaka mmoja utaona mwenyewe kwamba maandishi ya safu ya tatu yaliyoegemea "chanzo cha kuaminika" mengi hayana lolote katika safu ya nne, na utaanza kuwajua waandishi ambao habari zao husimama. Kila pendekezo la ripoti lipe ukurasa wake, na juu ya ukurasa andika mtu au ofisi inayopaswa kulitekeleza. Pendekezo lisilo na mtekelezaji liandikwe hivyohivyo, kwani mara nyingi huo ndio mwisho wake.

Kazi ngumu huanza pale watu wanapojiuzulu. Katika sakata la akaunti ya Tegeta Escrow, iliyokuwa na fedha zilizowekwa Benki Kuu kutokana na mgogoro wa TANESCO na kampuni ya umeme ya IPTL, Bunge lilipitisha maazimio mwishoni mwa Novemba 2014 baada ya taarifa ya Kamati ya Hesabu za Serikali iliyoongozwa na Zitto Kabwe. Mwanasheria Mkuu, Jaji Frederick Werema, alijiuzulu katikati ya Desemba. Tarehe 22 Desemba Rais Kikwete alizungumza na wazee wa Dar es Salaam akatangaza kumwondoa Waziri Anna Tibaijuka, na Januari 2015 Waziri wa Nishati, Profesa Sospeter Muhongo, alijiuzulu. Wengi walifunga daftari hapo. Lakini Desemba mwaka huohuo Muhongo alirudishwa katika wizara ileile na Rais John Magufuli, na ilikuwa Juni 2017 ndipo wafanyabiashara Harbinder Singh Sethi na James Rugemalira, waliohusishwa na fedha hizo, walipofikishwa Mahakama ya Kisutu. Kujiuzulu ni kuwajibika kisiasa. Hakumtii mtu hatiani, hakumsafishi, na hakurudishi hata shilingi moja Hazina.

Kisutu ndipo penye somo ambalo wakazi wa jiji hili tunalipita kila siku tukielekea Posta. Mawaziri wa zamani Basil Mramba na Daniel Yona, pamoja na Katibu Mkuu wa zamani wa Hazina, Gray Mgonja, walishtakiwa mwishoni mwa 2008 kwa matumizi mabaya ya madaraka na kuisababishia Serikali hasara ya shilingi bilioni 11.7, kutokana na msamaha wa kodi kwa kampuni ya kukagua dhahabu ya Alex Stewart. Hukumu ilitolewa Julai 2015. Mgonja aliachiwa huru. Mramba na Yona walihukumiwa miaka 3, ambayo Mahakama Kuu iliipunguza kuwa 2, na Februari 2016 waliruhusiwa kumalizia adhabu kwa huduma ya jamii, wakafanya usafi katika Hospitali ya Sinza Palestina. Ilikuwa karibu miaka 7 tangu kushtakiwa, na washtakiwa watatu wa jalada moja walipata matokeo mawili tofauti. Ukienda kusikiliza kesi ya namna hii, fika mapema, kwani vyumba ni vidogo. Nakili namba ya kesi na tarehe itakayotajwa ya kuahirishwa, na usome hati ya mashtaka shtaka moja baada ya jingine: kosa la matumizi mabaya ya madaraka katika kifungu cha 31 cha Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya 2007 linahitaji kuthibitishwa kwamba mtumishi alitenda kinyume cha sheria kwa lengo la kujipatia au kumpatia mtu mwingine manufaa isiyostahili, na si kila uamuzi mbaya wa ofisi unafika hapo.

Unachokijua usikisambaze ovyo

Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 inafanya kuchapisha taarifa za uongo mtandaoni kuwa kosa la jinai, na kundi la simu lenye watu 200 si sebule ya nyumbani. Ukituma, tuma ukurasa wa ripoti wenye namba yake, bila kuongeza jina ambalo ripoti haikulitaja. Kama una nyaraka au umeshuhudia jambo kazini kwako, usilipeleke kwenye kundi hata kidogo. Piga TAKUKURU namba 113, ambayo haitozwi, au nenda ofisini kwao, na kabla ya hapo soma Sheria ya Kuwalinda Watoa Taarifa na Mashahidi ya 2015 ujue inakukinga kwa lipi na kwa lipi haikukingi. Weka nakala mahali pasipo nyumbani wala ofisini.

Ripoti ikiwa haijachapishwa, iombe. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016 inampa raia haki ya kuomba taarifa kwa maandishi, na taasisi inapaswa kujibu ndani ya siku 30. Barua iwe fupi: taja jina la ripoti au tume, tarehe iliyokabidhiwa, aliyeikabidhi na aliyeipokea, na sehemu unayoihitaji. Usiombe "taarifa zote kuhusu" jambo fulani, kwani ombi pana ni rahisi kulikataa. Ipeleke kwa mkono masijala, ukiwa na nakala ya pili, na usiondoke mpaka nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Tarehe hiyo iandike katika daftari, hesabu siku 30, na siku ya 31 urudi na nakala yako kuulizia. Ukikataliwa, omba sababu kwa maandishi, kisha mwandikie mkuu wa taasisi apitie upya uamuzi huo.